Mzee wa Lango na Mbwa Wake Harusini

Nilipowaambia wazazi kwamba Simba na Popi watakuwa kwenye msafara wa harusi yangu, baba alinyamaza. Mama akasema, "Mwanangu, mbwa harusini? Watu watatuonaje?"

Nilimwelewa. Kwetu Njoro mbwa hukaa nje, hulinda boma usiku na kula ugali uliobaki. Lakini Simba alilala mlangoni pangu muda wote nilipougua, na aliyewalea wote wawili tangu wakiwa vitoto ni mzee wa lango letu, aliyetoka Kakamega nikiwa bado shule ya msingi. Yeye ndiye aliyewapikia na kuwaogesha kwa dawa ya kupe. Nilitaka wote watatu wanitangulie, na mzee avae suti kama wajomba zangu.

Nilipompa habari hiyo aliuliza tu, "Binti yangu, mimi nitakaa wapi baada ya hapo?" Swali hilo liliniuma. Nikamwambia atakaa meza ya familia.

Hofu za wageni hazikuwa za bure. Kichaa cha mbwa bado kinaua watu nchini, na dalili zikishajitokeza karibu hakuna anayepona. Kwa hiyo tuliwachanja mbwa mapema, zaidi ya mwezi mmoja kabla, maana kinga haijengeki kwa siku moja. Mama mkwe alitaka kuziona kadi za chanjo, nikampelekea. Majirani zetu wa zamani, Waislamu kutoka Bondeni, tuliwapangia viti mbali na njia ya msafara ili mate ya mbwa yasiwafikie nguo. Sioni kama huko ni kuwabembeleza watu. Mgeni uliyemwalika hastahili kurudi nyumbani akafue kanzu kwa sababu ya furaha yako.

Ibada ilikuwa bustanini kwetu, na mchungaji alikubali kwa sharti kwamba isikatizwe. Mzee aliwatembeza mbwa shambani kwa muda mrefu asubuhi ile, wakachoka kidogo, akawapa chakula kidogo tu. Pete hatukuwafunga shingoni. Alikuwa nazo kaka yangu. Mbwa walivaa utepe mweupe uliolegezwa.

Kisha vikaanza vigelegele. Tulikuwa tumewaomba shangazi zangu wasubiri mbwa wapite, kwa kuwa masikio ya mbwa hunasa sauti nyembamba kuliko yetu, na spika za muziki zilikuwa karibu. Lakini nani atamzuia shangazi siku ya harusi? Popi alikaa chini katikati ya njia, mkia umebanwa, masikio yamelala. Mpiga picha akamwashiria mzee amvute.

Mzee hakuvuta kamba. Alichuchumaa na suti yake mpya, akaweka kiganja mgongoni mwa Popi, akamsemesha Kiluhya polepole. Simba alisimama kando akingoja. Mimi nyuma yao na baba, watu wote wamegeuka, spika zimezimwa. Sikumbuki ilichukua muda gani, ila baba hakunihimiza, na mkono wake uliokuwa umekakamaa ulilegea. Popi akajitikisa, akainuka mwenyewe. Safari hii shangazi zangu walipunga leso tu.

Walipofika mbele, mzee aliwapeleka upande wa migomba, penye kivuli na maji. Keki yetu ilikuwa ya matunda, imejaa zabibu kavu, ambazo zinaweza kuharibu figo za mbwa, na watoto wa harusi hawajui kukataza mkono wao. Ndiyo maana mbwa walirudishwa bomani kabla keki haijakatwa, na binamu yangu akawalinda huko ili mzee naye ale.

Mama mwenyewe alimvutia kiti na kumpakulia pilau. Akamuuliza kama mbwa wameshakula. "Bado, mama. Watakula jioni, kelele zikiisha," akajibu. Usiku ule mzee alilala, na kaka yangu akakesha langoni kwa niaba yake.