Siku hakimu alipomwambia Mama afunge ngumi

Juzi mwanangu wa mwisho aliniuliza kwa nini bibi yake anakula kwa mkono wa kushoto, wakati wao madrasa wanakatazwa. Nikamwambia ni sababu ya ajali ya gari. Akaridhika, akarudi kucheza. Mimi nikabaki na kesi yote kichwani.

Ajali yenyewe sitaki kuirudia. Ilikuwa barabara ya Mtwara kwenda Lindi, kupita Mikindani, mvua inanyesha, Hiace na lori. Mama akalazwa hospitali ya Ligula, akaruhusiwa na mkono uliounga lakini vidole havikunji. Dereva wa lori akafikishwa mahakamani kwa kosa la trafiki, akakiri, akalipa faini. Sisi nyumbani tukadhani hiyo faini ndiyo fidia yetu. Kumbe faini ni ya serikali. Majeruhi anayetaka fidia anafungua kesi yake ya madai, na sheria inampa miaka mitatu tu. Katikati ya hapo wakaja watu wa bima na karatasi ya kusaini: pokea kiasi hiki, usidai tena. Mjomba akasema tusaini. Mama akakataa katakata, tukafungua kesi.

Basi siku ya ushahidi wake. Wakili wa upande wa pili, kijana mpole wa sauti, akaanza kumdodosa.

"Unasema ulikuwa unabangua korosho na kuuza. Daftari la mauzo unalo?"

"Sina."

"Leseni?"

"Sina, mwanangu."

"Risiti hata moja ya mteja?"

"Baba, nani anaandikiana risiti ya kipakiti cha korosho pale Mnazi Mmoja? Basi linasimama, mtu ananyoosha hela dirishani, linaondoka."

Watu wakacheka. Wakili hakucheka; akauliza risiti za bodaboda za kwenda kliniki. Nazo hazikuwepo. Mimi nimekaa kwenye benchi, roho inaniuma, maana kila "sina" niliisikia kama tumeitwa waongo.

Hatukuitwa waongo. Ndivyo hesabu ya mahakama inavyokwenda, na wakili wetu alishatueleza ingawa hatukumwelewa. Hasara unayoweza kuitaja kwa shilingi, yaani dawa, nauli, kipato ulichokosa, lazima uiorodheshe kwenye hati ya madai kisha uithibitishe kitu kwa kitu. Mahakama ya Rufani ilishasisitiza hilo mwaka 1992. Yale yasiyo na bei, maumivu, ulemavu, raha ya maisha iliyopungua, yanaingia kwenye fidia ya jumla. Huko hakimu hukadiria mwenyewe, ila anatakiwa aeleze sababu zake.

Wakili alipokaa, hakimu akaweka kalamu chini.

"Mama, nyoosha mkono wa kulia."

Akaunyoosha.

"Sasa funga ngumi."

Kidole kidogo na cha pete vikakunja. Gumba likaja nusu. Cha shahada na cha kati vikabaki vimesimama vinatetemeka, na Mama akauma mdomo akijaribu kuvilazimisha. Hakimu akamwambia basi, inatosha. Kisha akaangalia mkono wa kushoto uliokuwa umeshika kizimba.

"Na huo mbona vidole vyeusi?"

"Mafuta ya maganda, Mheshimiwa. Ndio ninaojifunzia."

Akamwomba aeleze. Mama akasahau kama yuko mahakamani. Akaonyesha korosho inavyoshikwa kwa gumba na shahada, imesimama kwa ubavu, unagonga mara moja ganda linaachia. Ukigonga vibaya inapasuka, na ya vipande haina bei ya nzima. "Kwa kushoto nyingi zinapasuka," akasema. Hakimu akachukua kalamu, akaandika kwa muda mrefu.

Hukumu ilisomwa miezi mingi baadaye, kwa Kiingereza, maana ilikuwa kabla ya sheria ya 2021 iliyofanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama. Wakili akatufasiria nje, chini ya mwembe. Gharama zenye risiti za hospitali tumepewa. Bodaboda hatukupewa, na kipato cha korosho hatukupewa, hakikuthibitishwa. Fidia ya jumla tumepewa, na katika sababu zake hakimu alitaja asilimia ya ulemavu aliyoandika daktari, umri wa Mama, na ule mkono alioushuhudia mwenyewe. Malipo ni ya mara moja. Mkono ukizidi kuharibika baadaye, hakuna kurudi.

Mama anasema kesi ilikwenda vizuri. Alisikilizwa, hela ikamaliza madeni na kununua mabati. Mimi nahesabu misimu. Kila Oktoba korosho zinapoanza kuingia sokoni naona alichokosa, nami naamini kingeweza kuthibitishwa, kwa sababu shahidi wa mdomo naye ni ushahidi. Wanawake aliokaa nao stendi miaka yote wangesimama kizimbani waseme alikuwa anauza vipakiti vingapi kwa siku. Hakuna aliyewaita. Nikimwambia hivyo Mama huniuliza, wangeacha biashara zao siku nzima, watoto wao wangekula nini? Hapo tunaishia kubishana, na hadi leo hatujakubaliana.