Želimir Žilnik: mwenye shida aicheze mwenyewe

Mpiga filamu wa Mtwara akiishiwa hela hupunguza: waigizaji watatu, sebule moja, siku mbili. Želimir Žilnik, muongozaji na mwandishi wa Serbia, alipita njia nyingine. Mara nyingi waigizaji wake ni wenye shida yenyewe, na wanaicheza palepale inapotokea.

Alizaliwa Niš mwaka 1942, akasoma sheria, kisha akawa msaidizi wa muongozaji Dušan Makavejev mwaka 1967. Sheria ilimfaa mapema. Filamu yake ndefu ya kwanza, Rani radovi (1969), ilipofikishwa mahakamani, aliitetea mwenyewe ikaachiwa, na mwaka huohuo ikachukua Dubu wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Berlin.

Lakini ya kuanza kuitazama ni Crni film ya 1971, fupi kuliko kipindi cha kwanza cha mpira. Žilnik anawachukua wanaume wasio na makazi, anawalaza nyumbani kwake Novi Sad penye mke na mtoto, halafu anawauliza wapita njia watu hawa wasaidiwe vipi. Jibu halipatikani. Mwishoni anawaambia waondoke, kwa kuwa filamu inakwisha. Ukali wa kazi ile uko hapo: muongozaji hajifichi kwamba yeye atabaki na filamu na wao watarudi barabarani.

Baada ya kubanwa kwao alifanya kazi Ujerumani miaka ya 1970, akarudi kuandalia televisheni. Vera i Eržika (1981) inawafuata wafanyakazi wawili wa kiwanda cha nguo wanaohangaikia pensheni. Mwaka 1994 alimvalisha mtu sare za Tito, rais wa Yugoslavia ya zamani aliyekufa 1980, akamtembeza mitaani Belgrade. Watu wakamsogelea, wengine kulalamika, wengine kumlaumu, kana kwamba ni yeye.

Ukitaka kujaribu njia hii hapa kwetu, kamera ingoje kwanza. Kaa na mkulima wa korosho wa Tandahimba anayesubiri malipo baada ya mnada. Akishasimulia, andika ukurasa mmoja tu: anataka nini, nani anamzuia, na pesa ikichelewa kinakwama nini, ada au deni la salfa, dawa ya mikorosho. Usimwandikie maneno. Asiyezoea kuigiza akikariri hutazama juu kama anayesoma darini, na sauti inakuwa ya risala. Mpe jambo la kudai. Anayebishana naye mpe sababu ya kukataa, na mwambie kila mmoja faragha. Rudieni mara mbili au tatu. Ya nne kila mtu anakumbuka alichosema badala ya kumsikiliza mwenzake.

Kazi nyingi za pwani huharibiwa na sauti, picha zikiwa safi kabisa. Kwenye kivuko cha Msangamkuu upepo unanguruma ndani ya maiki ya simu, na ngurumo ile huwezi kuiondoa kwenye uhariri. Tumia maiki ya kubana, shibiri moja chini ya kidevu, yenye sponji. Khanga mpya yenye wanga inachakarika, kwa hiyo maiki ikae juu ya nguo. Kila mahali rekodi dakika moja watu wakiwa kimya. Ndiyo itakayoziba viraka. Saa sita mchana usimpige mtu picha bahari ikiwa nyuma yake, uso utakuwa mweusi tii. Na andaa nafasi: saa moja ya HD kamili kwenye simu nyingi hula GB 6 hadi 8, nao watu wa kweli hawaongei kwa mkato.

Kibali ni cha Bodi ya Filamu. Malipo ya mkulima yaandikwe kabla, si baada ya kuona kama filamu imeuza.

Tito wetu wa kusini nadhani ni yule bwana wa Mradi wa Karanga, kilimo kikubwa cha Waingereza cha mwishoni mwa miaka ya 1940: kaptula ya kaki, soksi za magotini, anaulizia stendi ya Mtwara treni ya Nachingwea inaondoka saa ngapi. Reli ile iling'olewa miaka ya 1960, na wazee wapo watakaomjibu. Kamera ikae mbali kidogo, usawa wa kifua. Maiki avae bwana mwenyewe, chini ya tai. Ridhaa ya kila aliyemjibu iombwe palepale, kabla hajapanda basi.