Siku tuliyomsikiliza Maalim

Daktari wa masikio, pua na koo alimleta kwetu na karatasi yenye maneno machache: mzee, sauti imekauka kwa miezi, muadhini. Nilikuwa bado najifunza kazi ya tiba ya usemi katika hospitali moja ya Mombasa, chini ya msimamizi ambaye alitegemewa na madaktari wote kwa masikio yake. Kamera ya koo ilikuwepo, lakini huonyesha nyuzi za sauti tu. Haiwezi kusema sauti yenyewe inasikikaje kwa mtu aliyekaa safu ya mwisho ya msikiti. Hilo ni la sikio.

Tulizima feni na kufunga madirisha, kwani mvumo wa feni unafanana mno na pumzi inayovuja kooni, na tuktuk zilikuwa zinapita chini. Chumba kikawa moto papo hapo. Mzee alivua kofia yake, akaikunja vizuri na kuiweka mapajani.

"Shikamoo, Maalim."

"Marahaba, mwanangu. Haya, nambie nifanye nini."

Nilimwomba atoe "aa" na kuishikilia bila kuipandisha wala kuishusha, sekunde tatu hadi tano, kisha "ii". Baadaye zikaja sentensi. Wataalamu wa Marekani, baada ya mkutano wao wa Pittsburgh mwaka 2002, waliandaa kipimo cha kupima sauti kwa sikio, kiitwacho CAPE-V, chenye sentensi sita za Kiingereza, na kila moja ina kazi yake. Ukimsomesha mtu wa Mombasa sentensi zile, utapima hofu yake ya Kiingereza. Msimamizi wangu alikuwa ametunga za kwetu kwa kufuata kazi zilezile. "Mama anaenda mjini Mwanza" haina herufi hata moja inayozima sauti, kwa hiyo ikikatika popote, tatizo liko kwenye nyuzi. "Ali aliamua aende Arusha" huanza kila neno kwa irabu, na hapo ndipo koo linalojikaza hujifichua. "Huyu Hamisi hana haraka hata kidogo" humpa mtu nafasi ya kuanza kwa ulaini. "Kaka kapata kikapu" hufunga na kufungua sauti kila mara.

Kwenye Ali na Arusha nilisikia kitu: kabla ya kila neno palikuwa na kishindo kidogo, kikavu, kama kigingi kinachogongwa. Sentensi ya Mwanza ilipita salama. Kama tungeishia hapo tungeandika kwamba mzee ana tatizo dogo na kumrudisha nyumbani.

Msimamizi akamwomba aadhini kidogo. Maalim akatikisa kichwa.

"Adhana ina wakati wake, binti yangu. Lakini naweza kukusomea kasida, kwa sauti ileile."

Akasoma. Alipopanda juu, sauti ikapungua nguvu, pumzi ikaanza kusikika pembeni yake, na mwisho wa kila mstari ukaisha kabla yeye hajaufikisha alikotaka. Aliinua kidole kila ilipotokea. "Hapa," alisema. "Na hapa. Watu wa mtaani wanasema haina kitu, lakini mimi naisikia."

Mchana tulikaa watatu kusikiliza rekodi kwa hedifoni: msimamizi, mwenzangu mmoja na mimi. Kila mmoja alikuwa na karatasi ya CAPE-V yenye mistari ya milimita 100. Kushoto kabisa ni sauti isiyo na kasoro, kulia ni kasoro kubwa kupita kiasi, na unaweka alama unapoona panastahili: ukali wa jumla, mkwaruzo, pumzi inayovuja, mkazo, kisha kimo cha sauti, yaani iko juu au chini kiasi gani, na ukubwa wake. Wajapani nao wana kipimo chao, GRBAS, kilichoenea duniani kwa kazi ya Minoru Hirano mwaka 1981. Hicho hutumia namba kuanzia 0 hadi 3, ni chepesi kliniki inapojaa. Sisi tulitaka kuona tofauti ndogo, tukachukua mistari.

Tulipopima alama zetu kwa rula, kwenye pumzi inayovuja msimamizi aliweka 25, mimi 43, mwenzangu 61. Sauti ni moja, rekodi ni moja, hedifoni ni za aina moja.

Msimamizi hakuwa na haraka ya kuamua nani yuko sahihi. Alituuliza tulikuwa tumesikia nini kabla. Yeye mwenyewe alikuwa ameshinda asubuhi na mgonjwa aliyefanyiwa upasuaji wa koo, ambaye hakuwa na sauti ila mnong'ono. Baada ya masikio kuzoea ule mnong'ono, Maalim alisikika mzima. Mwenzangu alikuwa amesoma jalada na kujua daktari ameona nini, hivyo alikwenda kukitafuta. Watafiti wa sauti Jody Kreiman na Bruce Gerratt wa Los Angeles walilichunguza jambo hili kwa miaka mingi: kila msikilizaji hubeba kichwani mfano wake wa sauti nzima na sauti mbovu, na mfano huo husogea. Kwenye sauti nzima kabisa au mbaya kabisa watu hukubaliana. Katikati ndipo wanapotawanyika, na wagonjwa wengi wako hapo katikati.

Tukafanya alichotuagiza. Tulisikiliza kwanza sauti za mfano alizokuwa amezihifadhi, ya pumzi kidogo, ya wastani, ya nyingi, kisha tukarudia Maalim bila kuzungumza. Safari hii alama zilikaribiana: 38, 43, 47. Nilifurahi sana siku ile, na hadi leo siamini alama ya msikilizaji mmoja ambaye hakuanza kwa sauti za mfano. Sipendi pia ile desturi ya kujumlisha na kugawanya kwa tatu na kuandika jibu moja. Alama zote ziandikwe, pamoja na kazi ambayo mgonjwa alipewa, kwa sababu Maalim wa sentensi na Maalim wa kasida walikuwa watu wawili.

Kamera ilikuwa imeonyesha uvimbe mdogo ukingoni mwa uzi mmoja, unaoacha upenyo nyuzi zinapokutana. Tulimfundisha kuanza kwa ulaini, kupanga pumzi, kunywa maji, kushusha kimo kidogo na kuiachia spika ya msikiti kazi ya kufika mbali. Adhana ya Alfajiri akamwachia kijana wake kwa muda.

Miezi ilipopita tulimrekodi tena, feni imezimwa, sentensi zilezile, kasida ileile. Mtu wa ofisi alichanganya rekodi ili tusijue ipi ya zamani na ipi mpya. Sote watatu tuliipa mpya alama ndogo. Tukamwita tumweleze.

Maalim alisikiliza rekodi zote mbili mpaka mwisho. Alikubali kwamba kishindo kimeondoka. Kisha akatwambia kwamba "Hayya" ya pili ya adhana bado haifikishi kwa pumzi moja, na akauliza kama anaweza kuja tena wiki inayofuata. Nikamwandikia Jumanne, kabla ya Adhuhuri.