Siku moja maishani mwangu: mama mkwe wa kuazimwa

Saa kumi na moja alfajiri. Ratiba ya uigizaji ilikuja jana usiku kwa WhatsApp: Shela, hapa kisiwani Lamu, saa moja na nusu, "Mama njoo na leso zako." Ukiambiwa uje na leso zako, jua mfuko wa mtayarishaji umebana. Nimeshaswali, chai ya tangawizi iko mekoni, nami napitia skripti. Leo nina maneno machache sana, kwa hiyo nasoma zaidi ya mwenzangu. Kazi ya mama mkwe ni kusikiliza. Kamera ikimwelekea bi harusi anayelia, mimi ndiye ninayempa cha kumliza.

Saa kumi na mbili na nusu. Maji yamekupwa, boti zimelalia ubavu kwenye tope mbele ya mji, tunapandia mwisho wa gati. Nahodha ananipa mkono: "Mama Mkwe, leo wamtesa nani?" Jina langu analijua, ila halitumii. Silalamiki. Waulize Wakenya Mama Kayai wa Vitimbi, kile kichekesho cha runinga, anaitwa nani hasa, uone wangapi watakwambia Mary Khavere.

Saa mbili. Binti wa mapodari, mgeni kutoka Nairobi, anataka kunipaka unga mweupe kichwani nizeeke. Namwambia, mwanangu, vua kwanza huu mtandio utazame. Anacheka, anarudisha kopo lake mkobani.

Kisha tunangoja. Taa, nyaya, jenereta, simu ya mtu inaita. Nusu ya uigizaji ni kukaa kitako bila kuchoka uso.

Saa nne. Onyesho lenyewe: mwanangu kaleta mke ambaye sikumchagua, nami nimeketi chini ya zidaka, vile vishubaka vya ukutani. Skripti inasema "Mama anafoka." Mimi sikutaka kufoka. Kila mtu amewahi kumwona mama mkwe anayefoka. Nikaomba sinia la bati na mchele, nikawa nachagua. Binti anajieleza, mimi macho yangu kwenye mchele; akisema neno nisilolipenda, naokota kijiwe na kukidondosha pembeni mwa sinia. Ta! Fundi wa sauti akalalamika. Dairekta akamnyamazisha: "Hicho kijiwe kiache."

Tatizo la ujanja wa namna hii ni mwendelezo. Kila tukirudia, mchele lazima uwe pale pale ulipokuwa, vijiwe vile vile, fundo la leso bega lile lile. Msichana wa mwendelezo anapiga picha sinia kwa simu, nasi tunarudisha punje kwa vidole. Tumemaliza kuzipanga, punda akalia nje. Tukarudia. Punda katulia, ikaadhiniwa adhuhuri, kazi ikasimama.

Saa saba. Wali wa nazi na samaki wa kupaka. Bi harusi wangu ananiambia ndoto yake ni kuwa kama Lupita Nyong'o, awe staa, asichezeshwe nafasi za pembeni. Nikamkumbusha kwamba ile Oscar ya mwaka 2014 Lupita aliipata kwa nafasi ya mwigizaji msaidizi. Akaacha kutafuna. Nikamwongezea habari ya Thelma Ritter wa Marekani, aliyeteuliwa mara 6 kuwania tuzo hiyo hiyo na asiipate hata mara moja. Hiyo hakuipenda.

Saa tisa. Kamera inaletwa karibu, uso mtupu. "Mama, punguza kidogo." Sauti na mikono yangu nilivipata kwenye vugo, ngoma ya wanawake ya harusini, na kwenye jukwaa la shule, ambako nyusi ikiinuliwa sharti aione na aliyekaa nyuma kabisa. Mbele ya kamera nyusi ile ile ni kelele. Basi nafikiri tu lile neno, nayaacha macho yafanye mengine.

Saa kumi na moja jioni. Kazi imeisha, malipo "wiki ijayo inshallah." Kuna kampuni bado inanidai subira tangu mwaka jana.

Saa mbili usiku. Mazoezi ya mchezo wa jukwaani na kina mama wenzangu, uani mwa Ngome ya Lamu. Jengo hili lilikuwa jela hadi 1984, na kuta zake hazina huruma na sauti: ukinong'ona unamezwa, ukipayuka maneno yanagongana. Hapa naambiwa kinyume cha mchana: "Ongeza, Bi, hatukusikii!" Nacheza mganga. Koo linawasha, lakini hapa ndipo ninapostarehe, maana watu wakicheka nawasikia papo hapo.

Saa nne usiku. Ratiba ya kesho imeingia. Waandishi wamebadilisha hadithi: mama mkwe anaugua asubuhi na kufa kabla ya chakula cha mchana. Mimi nalipwa kwa siku. Nikawajibu kwamba mwanamke mkorofi kiasi hicho hafi upesi, wanipe walau siku tatu kitandani, na shuka nitakuja nazo mwenyewe.