Leicester, mji aliokulia Richard Attenborough

Nyumbani kwetu Unguja, filamu ya Gandhi ilikuwa mali ya baba. Kanda ilikwishachakaa, picha ikicheza, lakini kila alipoiweka alitukumbusha lile lile: huyu Ben Kingsley mnayemwona akiigiza Gandhi, babu yake alikuwa mfanyabiashara wa viungo hapa hapa Zanzibar. Tukajiona wenye filamu. Aliyesimama nyuma ya kamera, mwongozaji Richard Attenborough, hakuna aliyemuulizia. Mimi nilianza kumuulizia ukubwani, na Jumamosi moja ya Oktoba nikapanda treni St Pancras, London, nikaenda Leicester.

Ni mwendo wa saa moja na kidogo: mashamba, kondoo, manyunyu ya mvua. Kutoka stesheni nilishika New Walk, njia ya waendao kwa miguu iliyopo tangu 1785, nikakata Dover Street kuutazama ukumbi wa Little Theatre. Hapo ndipo Richard alipopanda jukwaani angali mvulana. Mlango ulikuwa umefungwa. Nilikaa nje kitambo, mvua ikininyeshea, na sikujuta.

Alizaliwa Cambridge mwaka 1923, lakini utoto wake ni wa Leicester. Baba yake, Frederick, alikuwa mkuu wa chuo ambacho leo ni Chuo Kikuu cha Leicester, na familia iliishi ndani ya uwanja wa chuo. David, wa filamu za wanyama, ni mdogo wake. Nilizunguka majengo yale polepole nikiwaza kisa kimoja tu. Mwaka 1939 wazazi wao waliwapokea wasichana wawili wa Kiyahudi waliokimbia Ujerumani. Walikuwa wapita njia, safari yao ikiwa ya kwenda kwa ndugu Marekani. Vita vikaanza, njia ikafunga, nao wakabaki kwa miaka, wakawa dada wa akina Richard. Kwangu mimi, Attenborough mwongozaji anaanzia mezani pale, wala si London.

London alikwenda 1940, alipopata nafasi ya kusomeshwa uigizaji katika chuo cha RADA. Umaarufu aliupata kwa kuigiza kijana jambazi katika filamu ya Brighton Rock, na kwa miaka mingi watu walimjua kwa sura tu. Mwaka 1952 yeye na mkewe, Sheila Sim, walikuwa miongoni mwa waigizaji wa kwanza wa The Mousetrap, mchezo ambao umeendelea kuchezwa London miaka nenda miaka rudi. Badala ya kudai mshahara wote mkononi, walikubali fungu la faida. Lishike hilo fungu.

Mwaka 1962 Mhindi mmoja aliyekuwa akiishi London, Motilal Kothari, alimpigia simu akimwomba atengeneze filamu ya Gandhi. Attenborough hakuwa amewahi kuongoza filamu hata moja! Akakubali. Alikwenda India kuonana na waziri mkuu, Nehru, naye akamwonya asimfanye Gandhi mungu. Nehru akafariki 1964, fedha hazikupatikana, wenye studio wakakataa. Katikati aliongoza filamu nyingine, ya kwanza ikitoka 1969, lakini ile moja haikumtoka moyoni. Nyumba akaiweka rehani, na fungu la The Mousetrap lililobaki akaliuza. Upigaji picha ulianza mwishoni mwa 1980. Katika tukio la mazishi, lililopigwa Delhi Januari 1981, walikusanyika watu zaidi ya 300,000. Oscar nane zilikuja 1983, baada ya miaka ishirini na moja tangu simu ile. Naiheshimu zaidi ile miaka kuliko hizo Oscar.

Nilirudi New Walk, kwenye jumba la makumbusho, kuona vyombo vya udongo vya Picasso ambavyo yeye na Sheila walivikusanya tangu miaka ya 1950. Viliwekwa pale kwa kumbukumbu ya binti yao Jane na mjukuu wao Lucy, waliochukuliwa na tsunami Thailand, tarehe 26 Desemba 2004. Mawimbi ya siku ile yalivuka bahari yetu yote. Hata Dar es Salaam watu walizama. Kuna sahani yenye uso unaotabasamu. Nilishindwa kuitazama kwa muda mrefu.

Jioni nikapanda basi hadi Belgrave Road, kwenye sanamu ya shaba ya Gandhi iliyosimamishwa 2009. Mwaka 1972, Idi Amin alipowafukuza Waasia wa Uganda, baraza la mji huu lilitangaza katika gazeti la kule kwamba wasije Leicester. Walikuja. Duka la viungo nililoingia lilikuwa la bibi mmoja mzaliwa wa Jinja. Nikajaribu bahati.

“Shikamoo, bibi.”

“Marahaba, mwanangu!” Akaacha mizani. “Wa wapi wewe?”

Nikamwambia Unguja, na kilichonileta. Alisema filamu ilipotoka walikwenda kuiangalia ukoo mzima, wazee kwa watoto, na pale Gandhi anaposhushwa kwenye treni Afrika Kusini, mumewe aliinuka akatoka nje.

“Alirudi?”

“Alirudi. Lakini hakukaa. Aliitazama amesimama mpaka mwisho.”

Akanifungia karafuu kwenye karatasi, nami nikalikimbilia basi la stesheni.