Dj alinifunikia upepo wa Korea

Jumamosi umeme umerudi saa nne usiku, joto la Dar mnalijua, usingizi hakuna, nikasema ngoja nirudie ile muvi ya Kikorea ya wale mapolisi wa kijijini, Memories of Murder, ya Bong Joon-ho, ya 2003. Mara ya kwanza niliionea kibanda umiza, nilikuwa fomu tuu, kiingilio mia mbili, tumebanana kwenye mabenchi, na ilikuwa imetafsiriwa. Sasa nyie mliokulia vibandani mnajua, dj wetu, yule anayetafsiri muvi kwa Kiswahili juu ya sauti zake, hanyamazi. Wahusika wakiongea anaongea, wakinyamaza ndo kabisaa anapata uwanja, atasalimia washkaji zake, atatangaza duka lake la sidii, atamwambia polisi mbona umevaa suruali ya babu yako. Tulicheka mpaka machozi. Nikatoka pale najua nimeangalia muvi ya kuchekesha ya polisi wanaoruka mateke.

Safari hii nimeiangalia kwa Kikorea chake na yale maandishi ya chini, na nilichoanza kukiona wala si mtu. Ni mpunga. Mpunga ulioiva, shamba lote rangi ya dhahabu mpaka kule milima inapoanzia, upepo unaupapasa, mtoto anakamata panzi. Kimya. Yani unasikia majani. Alafu Song Kang-ho, muigizaji anayecheza polisi, anafika amekalia katrekta ka kijijini, anainama kwenye mfereji ule wa pembeni ya shamba uliofunikwa kwa zege, anachukua kipande cha kioo anakikinga juani ili mwanga uingie mle gizani, na mle ndani kuna maiti ya mwanamke. Nje jua zuri kabisa, panzi wanaruka, katoto kanamuigiza polisi kila anachosema. Nilipauzi nikakaa dakika nzima. Mbona hiki kipande sikikumbuki? Nisingekikumbuka, maana dj alikuwa anatoa salamu.

Kuna kipande kingine, usiku, mwanamke anapita peke yake njia ya katikati ya mashamba, ana mwavuli, anaimba ili asiogope, mara anasikia mtu anapiga mluzi wimbo uleule. Kibandani pale tulikuwa tunapiga kelele wote, kimbia dada kimbia, na dj anatuchochea, macho yetu yote kwa yule dada. Kumbe kule nyuma, mbali, kwenye mpunga kinachomoza kichwa cha mtu. Taratibu tu. Kidogo kama kitu cha kubuni na macho yako mwenyewe. Nimerudisha nyuma mara tatu. Shamba lilelile ambalo asubuhi lilikuwa zuri mpaka unataka kuliweka kama picha kwenye simu, usiku ndo limemficha yule jamaa, na halijabadilika kitu, mpunga ni uleule.

Na mwisho ndo umenimaliza. Miaka imepita, ni 2003, polisi kaacha kazi anauza mashine za juisi, anapita barabara ileile, anasimamisha gari, anainama tena kwenye mfereji uleule. Hamna kitu, mwanga tu upande wa pili. Katoto ka kike kanamwambia kuna mtu mwingine alikuja naye akachungulia hapohapo, akasema kuna kitu alikifanya hapa zamani. Alikuwaje sura yake? Wa kawaida tu. Hapo tena kibandani watu walikuwa wameshaanza kutoka.

Kesi yenyewe ni ya kweli, wanawake waliuawa Hwaseong kuanzia 1986 mpaka 1991, na muuaji alikuja kujulikana 2019 kwa vipimo vya DNA, yuko jela tayari kwa mauaji mengine. Hwaseong ya leo ni maghorofa na viwanda vya chipu za kompyuta. Kwa hiyo wenyewe Wakorea wakitaka kuona ile Hwaseong ya mashamba, ya giza, na mlango unafungwa saa kumi na mbili, inabidi warudi kwenye muvi.

Basi nikaingia kwenye hiyo njia, wiki nzima bando langu limeishia kwa Wakorea. Na nilikuwa natafuta kitu kimoja tu, zile sehemu ambazo hakuna anayeongea.

Kuna hii ya Kim Ki-duk, 2003 tena, ya masika, kiangazi, vuli, baridi na masika tena, jina lake ndo hivo refu. Niliiulizia kwenye maktaba ya muvi hapa mtaani, kijana akanijibu bro hiyo haijatafsiriwa, humo hawaongei. Kweli hawaongei. Ni kanyumba ka watawa kanaelea katikati ya bwawa, mzee na mtoto wake wa kulea, milima pande zote. Bwawa lenyewe linaitwa Jusanji, lipo kule Cheongsong ndani ya hifadhi ya Juwangsan (hiyo "san" mnayoiona mwishoni mwa majina ya Kikorea ndo mlima, nchi yenyewe milima mitupu), na si ziwa la asili, lilichimbwa miaka ya 1720 kwa ajili ya kumwagilia mashamba, na ile miti iliyosimama ndani ya maji ni ya kweli. Kanyumba ndo ka muvi, walikajenga wakarekodi wakakaondoa. Ukienda leo unakuta maji na miti yako basi.

Kilichonikaa kichwani ni milango. Ufukweni pana geti kubwa la mbao limechorwa, na halina ukuta wala fensi, unaweza kupita pembeni kulia au kushoto, lakini wao wanafungua geti ndo wanapita. Ndani hivyohivyo, chumba cha kulala kina mlango katikati ya sakafu, ukuta hamna. Wanapita mlangoni kila siku. Mpaka kiangazi, kijana ameshakua, kaja binti mgonjwa kutibiwa, usiku kijana anataka kumfuata alipolala, na safari hiyo haufungui mlango, anapita pembeni anatambaa. Hakuna neno lililosemwa na umeshajua mambo yameharibika. Dj angesema nini hapo? Najua, angesema mengi sana.

(Kim Ki-duk mwenyewe nina habari zake. 2018 waigizaji wa kike walimtuhumu mambo mazito, alikana, akafa na korona huko Latvia Desemba 2020. Kwa hiyo sijakaa hapa kumsifia mtu, nasifia mlango.)

Jana nikamwekea mdogo wangu ile ya Im Kwon-taek, Seopyeonje, 1993, ya baba anayewafundisha watoto kuimba pansori, zile nyimbo zao za zamani za kusimulia na ngoma moja. Hii ilikuwa muvi ya kwanza ya Kikorea kuuza tiketi zaidi ya milioni moja Seoul peke yake, na ukiiangalia unashangaa ilikuwaje maana ni watu watatu maskini wanatembea na kuimba. Kuna barabara moja ya vumbi kisiwa cha Cheongsando, imepinda katikati ya kuta za mawe na mashamba, na wale watatu wanatokea kule mbali wadogo kama siafu, wanaimba Arirang ya Jindo, wanakuja, wanakuja, na kamera imetulia tu haiwafuati, haikatwi, zaidi ya dakika tano. Mdogo wangu kakaa, kaniangalia, kaangalia skrini.

"Kaka, imestaki?"

Haijastaki, subiri.

"Sasa mbona hawafiki?"

Subiri. Walipofika karibu walikuwa wameshaanza kucheza, binti, baba na ngoma, wale waliotokea kule juu wamechoka, na ninavoona mimi ingekatwa vipandevipande usingejua furaha iliwapata kwenye kona ipi. Nimemuuliza umeonaje akasema nzuri ila ndefu. Sawa.

Parasite, ile nyingine ya Bong Joon-ho, sitaiongelea sana, kila mtu ameshaichambua mpaka imeisha utamu. Ila ile mvua. Familia inatoka nyumba ya tajiri mlimani inarudi kwao usiku, ngazi, ngazi, ngazi, inashuka tu, na maji yanashuka nao, mpaka wanafika kwao chini maji yameshawatangulia. Kesho yake mama tajiri yupo kwenye simu anaishukuru mvua imesafisha hewa. Mtu wa Dar aliyewahi kuwa na ndugu Jangwani, kule bondeni kunakofurika, hahitaji dj hapo. Na ule mtaa uliozama wala si mtaa, waliujenga ndani ya tangi la maji la studio.

Kitu kingine nilikuwa sikijui, ile misitu mizito ya kwenye muvi zao sehemu kubwa imepandwa. Nikaangalia muvi mojamoja za miaka ya hamsini na sitini kuhakikisha, vilima vipara kabisa, maana watu walimaliza miti kwa kuni za kupashia sakafu za nyumba, alafu vita ikaongezea. 1973 serikali ikaanza mpango mkubwa wa kupanda. Tangu nijue hivo siwezi kuangalia kijani cha nyuma ya muigizaji bila kujiuliza nani alikipanda.

Silaumu dj lakini. Bila yeye nisingejua kama Korea ipo. Na siku ile kibandani kukawa kimya vile dakika tatu nina uhakika tungedai hela yetu.

Usiku huu nimerudia tena mwanzo wa ile ya mpunga. Spika ya laptopu yangu ndogo, na feni letu linalia kama pikipiki, upepo wa shamba nausikia nusunusu. Nikalizima feni. Nikapata kama nusu dakika, panzi, majani, katrekta kanakuja kwa mbali.

"Kaka washa feni bwana, watu tunalala."