Nusu ukurasa na jani la isale

Skripti imerudi tena na wino mwekundu. Hadithi yangu ya ndugu wawili wa Kibosho wanaogombea mpaka wa kihamba, yaani shamba la ukoo, inageuzwa filamu fupi, na dairekta, kijana wa Dar, hana huruma. Kitabuni nilitumia nusu ukurasa kueleza jinsi mdogo mtu alivyotaka kumwomba kaka yake radhi, ulimi ukawa mzito. Pembeni kaandika: "Hili naliona wapi?"

Nilinuna. Nusu ukurasa ule ndio wasomaji wanaonisifia kila tukikutana. Lakini swali ni la haki. Kamera haiingii moyoni mwa mtu. Inangoja afanye jambo. Basi nikamtoa nje alfajiri, nikampeleka kwenye mpaka wenyewe wanaougombea, akachuma jani la isale. Uchaggani isale ndiyo inayopandwa mpakani, na ndiyo hiyo hiyo unayompelekea uliyemkosea. Akishaletewa, kukataa kusamehe ni aibu yake. Mistari mitatu, hakuna aliyefungua mdomo. Nakiri nimeipenda kuliko ile ya kitabuni.

Mvua sasa, hiyo ni hadithi nyingine. Kwenye karatasi niliinyesha bure. Kwenye filamu inataka boza la maji na watu wa kulilipa. Tumeifuta.

Siku hizi namfikiria sana Ousmane Sembène, mwandishi na mtengeneza filamu wa Senegali. Kuli wa bandarini Marseille, riwaya ya kwanza mwaka 1956, kisha akikaribia miaka 40 akaenda Moscow kusomea sinema, jina la uandishi analo tayari. Aliandika kwa Kifaransa, na wengi wa watu wake Senegali hawakuweza kukisoma. Filamu yake *La Noire de…* ya 1966 aliitoa kwenye hadithi yake mwenyewe. Mwaka 1968 akatoa filamu ya *Mandabi*, watu wanazungumza Kiwolof, lugha ya kwao. Na kalamu hakuitupa: *Xala* ilikuwa riwaya mwaka 1973, filamu mwaka 1975. Ndiyo maana wanaoniambia "sasa umepanda daraja" wananichosha. Filamu siyo cheo anachopandishwa mwandishi.

Mimi naandika Kiswahili, kwa hiyo kisingizio cha lugha sina. Ila mama mkubwa kakiweka kitabu changu juu ya kabati la vyombo, kakifunika kitambaa cha kufuma, na hajakifungua hata siku moja. Filamu zilizotafsiriwa anazifuatilia mpaka usiku wa manane. Swali lake kwangu ni moja: "Mwanangu, ile yako itaonyeshwa lini?" Yeye isale hahitaji kuelezwa.

Dairekta anahitaji. Anadai mtu wa Mtwara hataelewa, anataka tuweke mtoto aulize, "Babu, hilo jani la nini?" Nimemwambia mtu wa Mtwara atamwona kaka mtu anavyolipokea, inatosha. Hajakubali. Jumamosi tunakutana Moshi mjini tubishane upya, na chai atalipa yeye.